Opiliones: Maana ya Jina na Matumizi Yake

Neno la Kilatini opilio, ambalo katika vitabu vingine huandikwa upilio, maana yake ni mchunga kondoo. Asili yake ni ovis, yaani kondoo, na Virgil alilitumia katika la kumi la mashairi yake ya wachungaji. Katika maana hiyo neno halina ubishi. Ubishi huanza pale linapokutwa limekuwa jina la mdudu. Carl Linnaeus wa Uswidi aliliweka katika chapa ya kumi ya Systema Naturae, mwaka 1758, alipomwita mdudu mmoja wa Ulaya Phalangium opilio. Na mwaka 1833 Mswidi mwenziwe, Carl Jakob Sundevall, akalichukua katika wingi wake, Opiliones, akalifanya jina la oda nzima katika kitabu chake Conspectus Arachnidum. Ndipo spishi zaidi ya 6,500, zilizoenea katika mabara yote isipokuwa Antaktika, zikawa zaitwa wachunga kondoo, na hapana hata kiumbe mmoja miongoni mwao achungaye kitu.

Jambo hili si la kuchekesha tu. Mtu aandikaye kitabu cha elimu ya viumbe kwa Kiswahili afikapo kwenye jina hili hutakiwa kulieleza. Kulieleza humvuta kulitafsiri. Na tafsiri, isipoangaliwa, huingia katika kitabu cha shule na kukaa humo miaka mingi ikiwafundisha watoto jambo ambalo jina lenyewe halikusudii kulisema. Kwa hiyo yafaa kuuliza jina hili lina maana gani hasa, na maana hiyo ina haki gani juu ya lugha inayolipokea.

Kabla ya jina, mwenye jina. Opiliones ni ndugu wa buibui, nge na kupe, wenye miguu minane, lakini si buibui. Buibui ana kiuno: kichwa na kifua chake vimeungana, kisha pana shingo nyembamba, kisha tumbo. Opiliones hawana kiuno hicho. Kiwiliwili chao ni kitu kimoja, kama punje au kokwa ndogo. Hawana nyuzi, basi hawatandi utando. Hawana tezi za sumu. Buibui huyeyusha windo lake akalifyonza, lakini hawa waweza kumeza vipande vya chakula kigumu. Walio na macho kwa kawaida wana mawili tu, na mara nyingi yamekaa juu ya kinundu kimoja katikati ya mgongo. Wakitishwa hutoa maji yenye harufu kutoka katika tezi mbili za ubavuni, na wengi wao hukubali kuacha mguu mkononi mwa adui. Mguu huo hubaki ukitetemeka, wala hauoti tena. Jozi ya pili ya miguu ndiyo mirefu kupita yote, nao huitumia kupapasia njia kama kipofu atumiavyo fimbo. Wengi wana miguu mirefu ajabu, ila si wote. Wako wafupi wa miguu wasiozidi milimita chache, ambao mtu asiyezoea angewadhani kupe. Neno hili la mwisho lina kazi huko mbele.

Sasa, kwa nini mchunga? Maelezo yanayopendwa siku hizi ni kwamba wachunga kondoo wa Ulaya zamani walikwenda juu ya miti mirefu waliyoifunga miguuni, wapate kuona kundi lao mbali, na mdudu huyu aliyeinuliwa juu ya miguu yake amefananishwa nao. Ni kweli kwamba katika nchi ya Landes, kusini-magharibi mwa Ufaransa, wachunga walitembea hivyo, na desturi hiyo iliendelea hata karne ya 19. Maelezo ni mazuri, yana picha, na kwa sababu hiyo yamepita kutoka kitabu hata kitabu bila kuulizwa. Lakini liko shahidi la zamani zaidi lisemalo jambo jingine. Thomas Muffet, tabibu wa Kiingereza aliyefariki mwaka 1604, aliacha kitabu cha Kilatini juu ya wadudu ambacho kilipigwa chapa mwaka 1634. Humo asema kwamba Waingereza humwita mdudu huyu mchunga, ama kwa kuwa apenda kuwa karibu na kondoo, ama kwa kuwa wachunga huamini kwamba konde lenye wadudu hawa wengi ni malisho mema ya kondoo. Hapana neno juu ya miti ya miguuni.

Katika mambo mawili hayo, la Muffet lapasa kutangulizwa. Si kwamba imani ya wachunga wake ilikuwa sahihi. Lakini yeye alisimulia yaliyosemwa na watu waliolitumia jina, katika nchi walimolitumia. Na wale wa miti ya miguuni wameanza kwa kumtazama mdudu, wakatafuta mchunga anayefanana naye, wakampata Ufaransa, kisha wakavusha desturi ya Wafaransa kuieleza kauli ya Waingereza bila kuonyesha daraja waliyovukia. Maelezo yanayotokana na kumtazama mdudu leo si ushahidi wa yaliyokuwa moyoni mwa waliompa jina jana.

Kiswahili chenyewe kina somo la jambo hili katika neno vunjajungu. Mgeni akionyeshwa mdudu yule wa kijani, amekunja mikono mbele ya kifua, kisha akaambiwa jina lake, angeweza kusema bila shaka yoyote kwamba ameitwa hivyo kwa namna anavyorusha mikono kupiga windo, kama mtu apigaye chungu. Maelezo hayo yangekuwa na picha nzuri, nayo yangekuwa ya uongo. Sababu ya jina ni imani ya watu kwamba amgusaye atavunja chombo cha kwanza atakachokishika baadaye. Jina halisemi lolote juu ya mdudu; lasema juu ya watu na vyombo vyao. Kinyume chake ni kifauwongo, ambaye jina lake ni maelezo kamili ya tabia yake, kwani akiguswa hujifanya amekufa. Majina haya mawili yamejengwa kwa namna ile ile, kitenzi na neno jingine, na hapana kitu katika umbo lao kimwonyeshacho msomaji lipi limechukuliwa katika mwili wa mdudu na lipi katika hadithi. Opilio, kwa ushahidi wa Muffet, ni wa nyumba ya vunjajungu.

Sehemu ya kwanza ya jina la Linnaeus ina historia ngumu zaidi, nayo ndiyo yafundishayo zaidi. Kwa Wayunani phalangion lilikuwa jina la buibui mwenye sumu. Xenophon amwonyesha Sokrate akionya juu ya busu la kijana mzuri kwa kulifananisha na kuumwa na wadudu hao. Nikandro akawaeleza katika shairi lake la sumu. Na Plinio, akiandika kwa Kilatini katika karne ya kwanza, alisema kwamba phalangium hajulikani Italia na kwamba aina zake ni nyingi. Kwa miaka mingi baadaye, tabibu aliyesoma neno hilo katika vitabu vya kale alielewa hatari.

Linnaeus alilichukua neno akalitia ndani yake mchanganyiko wa viumbe. Pamoja na Phalangium opilio aliweka Phalangium caudatum, ambaye ana mkia kama ujiti na leo yumo katika oda nyingine kabisa kwa jina la Thelyphonus caudatus. Akaweka na Phalangium reniforme, ambaye ni wa oda nyingine tena, ya wale wenye miguu ya mbele mirefu kama mijeledi. Wote hao pamoja na buibui, nge na kaa walikuwa kwake Insecta wasio na mabawa. Neno lake Insecta lilikuwa pana karibu sawa na mdudu la Kiswahili cha nyumbani, na wale wanaolilaumu Kiswahili kwa upana wa neno mdudu wangefanya vyema kukumbuka kwamba mwaka 1758 mwalimu wa walimu hakuwa na neno jembamba zaidi. Mwaka 1772 Pallas aliongeza Phalangium araneoides, maana yake phalangium afananaye na buibui, ambaye leo aitwa Galeodes araneoides, mdudu wa majangwa mwenye taya kubwa, wala si wa Opiliones.

Kadiri elimu ilivyokua, wageni hao waliondolewa mmoja mmoja, kila mmoja akapewa nyumba yake, na jina Phalangium likabaki mikononi mwa yule wa mwisho asiye na sumu hata tone. Neno lililokuwa la hatari limekuwa la kiumbe asiyeweza kumdhuru mtu. Haikuishia hapo. Mwaka 1775 Fuesslin, akimwandika buibui wa kweli mwenye miguu mirefu akaaye katika pembe za nyumba, alimpa jina la spishi phalangioides, yaani afananaye na phalangium. Naye leo ni Pholcus phalangioides. Mtazame safari ya neno: lilianza kwa buibui, likaenda kwa asiye buibui, kisha likarudi kwa buibui likimwambia kwamba amefanana na yule aliyemnyang'anya jina. Mtu atafutaye maana ya phalangioides katika kamusi ya Kiyunani atapata buibui mwenye sumu, atafsiri hivyo, na kila hatua aliyoipita itakuwa sahihi ila mwisho wake.

Hapa ndipo penye kosa la msingi la wengi waandikao juu ya majina ya kitaalamu. Husema maana ya jina wakikusudia asili yake, na kwa neno lile lile hukusudia kitu kinachoitwa. Katika maneno ya kawaida mambo mawili hayo huweza kukaa karibu. Katika jina la kitaalamu yamefunguliwa moja na jingine kwa makusudi. Jina la spishi si maelezo yake. Ni alama, na jina lililokosea katika maelezo halifutwi kwa sababu hiyo. Mfano mkali zaidi umo ndani ya Opiliones wenyewe, katika lile kundi la wafupi waliotajwa juu. Mwaka 1879 Eugène Simon aliliita Cyphophthalmi, kwa Kiyunani wenye macho ya kibyongo. Vibyongo wanavyo, viwili, kimoja kila upande. Lakini ni vinundu vya tezi za harufu, na wengi wa kundi hili hawana macho kabisa. Mmoja wao, Marwe coarctata, alipatikana katika pango la mawe ya chokaa nchini Kenya na kuandikwa na William Shear mwaka 1985. Anayetaka kumweleza mwanafunzi wa Kenya mdudu huyo wa nchi yake kwa kulitafsiri jina la kundi lake, atamwambia habari ya macho mahali pasipohusu macho.

Katika matumizi, jina la oda halikushinda upesi. Kanuni za kimataifa za majina ya wanyama hutawala majina ya spishi, jenasi na familia. Majina ya oda zimeyaacha mikononi mwa desturi. Kwa hiyo wengine waliandika Opiliones kwa kumfuata Sundevall, na wengine, hasa Marekani, wakaandika Phalangida. Sherman Bishop, alipotoa kitabu chake juu ya wadudu hawa wa New York mwaka 1949, alitia majina yote mawili katika anwani, kama mwenye duka aandikaye jina lake la zamani chini ya jipya asije akapoteza wateja. Leo Opiliones limeshinda, nalo limestahili, kwa sababu Phalangida lilikuwa limebeba vumbi la maana nyingi mno. Familia, hata hivyo, bado ni Phalangiidae. Aidha Herbst mwaka 1798 alifanya Opilio kuwa jina la jenasi, na jambo hili huwakwaza wanaoanza: Phalangium opilio hayumo katika jenasi Opilio. Na kaa wa bahari za baridi aitwaye Chionoecetes opilio, aliyepewa jina mwaka 1788, hana uhusiano nao wowote isipokuwa urefu wa miguu.

Watu wa Ulaya wasio wataalamu kila mmoja alijitafutia picha katika kazi zake. Mwingereza amwita mvunaji, kwa kuwa huonekana wengi wakati wa mavuno. Mfaransa mfyekaji wa nyasi. Mdachi gari la majani makavu. Mjerumani mtumishi wa mfumaji. Kwa Kiingereza liko pia jina la mzaha, baba wa miguu mirefu, nalo lina hasara kubwa, maana mahali pengine ni Opiliones, mahali pengine ni buibui Pholcus, na Uingereza mara nyingi ni nzi mwenye miguu mirefu. Kutokana na mchanganyiko huo umeenea uvumi kwamba huyo baba wa miguu mirefu ana sumu kali kuliko wote ila meno yake ni mafupi mno kumfikia mtu. Kwa Opiliones uvumi huo hauna hata pa kusimama, kwani sumu yenyewe haipo. Na kwa Pholcus ni chumvi tupu. Jina moja kwa viumbe watatu limezaa hadithi isiyomhusu hata mmoja.

Basi mwandishi wa Kiswahili afanyeje? Tafsiri ya Kilatini ingempa mchungaji. Lakini mchungaji katika Kiswahili cha leo, likisimama peke yake, kwa wengi ni kiongozi wa kanisa. Ni mchunga, likifuatwa na kitu kichungwacho, kama mchunga mbuzi, ndilo lililobaki malishoni. Sentensi isemayo kwamba wachungaji huacha mguu wakishikwa na kutoa harufu mbaya wakitishwa haiwezi kusomwa darasani kwa utulivu. Tafsiri ya Kiingereza ingempa mvunaji, na hapo swali ni mavuno ya nani. Mavuno ya Uingereza ni mamoja kwa mwaka, mwisho wa majira yao ya joto. Mkulima wa mwambao na wa bara ya Afrika ya Mashariki ahesabu kwa masika na vuli, na mdudu wa msitu wenye unyevu hana miadi naye. Kulichukua jina hilo ni kuchukua kalenda ya watu wengine na kuiita elimu ya viumbe.

Lipo shauri la tatu, ambalo ni rahisi zaidi na lina madhara zaidi, nalo ni kusema buibui na kuongeza neno la sifa: buibui wa mavuno, au buibui miguu-mirefu. Shauri hili lina wakubwa wa kulitetea, kwa maana R. F. Lawrence mwenyewe, mtaalamu asiye na shaka, alipoandika mwaka 1931 juu ya Opiliones wa Afrika Kusini, aliwaita kwa Kiingereza buibui wa mavuno katika anwani ya kazi yake. Lakini Lawrence aliandikia wasomaji wenye jina la Kilatini ubavuni, wasioweza kupotoka. Mwanafunzi anayesoma neno buibui hupokea pamoja nalo utando, sumu na kiuno, vitu vitatu ambavyo huyu hana. Sifa iliyofuata haiviondoi. Na sifa ya miguu mirefu ingewatoa nje ya nyumba yao wale wafupi wa pangoni, ambao ni Opiliones sawasawa na wengine. Neno buibui limekwisha kubeba mdudu na vazi jeusi la wanawake wa pwani. Halina haja ya mzigo wa tatu.

Linalobaki ni kuliacha jina la oda katika Kilatini chake, Opiliones, kwa herufi kubwa, popote linapotajwa kama jina la elimu; na katika maelezo ya Kiswahili kutumia opilioni, bila kubadili umbo katika wingi, kwa upatanisho wa viumbe hai: opilioni huyu anatembea, opilioni hawa wanatembea. Neno geni lisilo na picha lina faida hapa, kwani halimwahidi msomaji kitu ambacho mdudu hana. Atakayesema kwamba neno hili halina maana kwa Mswahili amesema kweli; wala opilio halikuwa na maana iliyomhusu mdudu kwa Mrumi.

Shauri hili halifungi mlango wa majina ya wenyeji. Watu wa milima ya Usambara na Uluguru, ambako misitu yenye unyevu ni makao mema ya viumbe wa namna hii, huenda wakawa na neno lao, na neno la namna hiyo lingestahili kusikilizwa kabla ya lolote lililobuniwa mezani. Ila lisikusanywe kwa kuuliza jina la buibui mwenye miguu mirefu, maana jibu la swali hilo litakuwa Pholcus mara nyingi kuliko lingine. Mdudu achukuliwe mkononi, aonyeshwe, kisha jina liandikwe pamoja na mahali, na mdudu ahifadhiwe katika kichupa chenye namba ile ile ya neno. Kwa upande wa kamusi, maelezo yenye kutosha ni haya: opilioni, kiumbe mdogo mwenye miguu minane, wa jamii moja kubwa na buibui na nge, asiye na kiuno, asiyetanda utando wala kuwa na sumu. Asili ya neno iwekwe mwisho, katika mabano yake, kwa herufi ndogo.